Siku Uliyonirekodi Nimelala

Mwanangu Elipendo,

Barua huanza kwa kuulizana hali, lakini hali yako naijua. Asubuhi nimekuona unakunywa chai umesimama, ukakimbilia gari la Issuna kwenda kumuaga bibi yako. Hali yangu ndiyo huijui. Tangu jua lianze kushuka nimekaa hapa mlangoni na karatasi hii. Naandika mstari, nasimama, naangalia barabarani kama gari limerudi, narudi kukaa. Hata kuku wamenizoea, nikipita hawakimbii tena.

Kesho alfajiri unapanda basi la Dar. Mambo ya safari sikuandikii. Begi ulishalifunga ukalifungua ukalifunga tena. Habari za chakula, za kuvuka barabara, za watu wa kuogopa, shangazi yako alikueleza mpaka ukasinzia. Mimi nimebaki na jambo moja, lile tunalolikwepa nyumba nzima tangu wiki iliyopita. Kile kipande cha filamu nilichokuambia ukifute.

Leo kabla hujatoka ulinishikisha simu yangu mkononi. Ukasema, "Mama, nimekiweka humu chote, sijakata kitu. Kukifuta mimi nimeshindwa. Kifute wewe. Ukikifuta na mimi nitakifuta kwangu, halafu wale wa Dar nitawaambia filamu haipo."

"Na wakikukataa?"

"Nitarudi tuuze kuku."

Ulisema unacheka, ila kidevu chako nakijua, kikianza kucheza hivyo ujue ndani kuna maji. Wale watu wanaorekodi maisha ya mijini wamekuita kwa sababu ya filamu yako ya soko letu. Na walikuambia wazi kwamba yule mama aliyelala ndiye filamu yenyewe, bila yeye wamebaki kuku tu. Tena wakakuambia hawamwonyeshi mtu ambaye hajaridhia. Kwa hiyo safari yako yote imekaa kwenye kidole changu hiki chenye pumba.

Ngoja, kuna gari.

Siyo lenyewe. Ni lori la alizeti.

Unakumbuka uliporudi kwenye yale mafunzo ya vijana na kamera ya kuazima? Ulisema hii siyo filamu ya kuigiza. Hakuna anayepangiwa maneno, hakuna muziki wa kulizia watu, wala hakuna sauti ya mtu anayeeleza. Mwenye kamera anakaa, ananyamaza, anasubiri maisha yapite mbele yake. Nikakuuliza, sasa hiyo nani ataiangalia? Ukaniambia, "Watu wa mjini hawajioni, Mama. Wanapita tu." Nikacheka sana. Mimi niliyeshinda sokoni tangu hujaota meno, leo naambiwa sijawahi kujiona!

Siku ya kwanza ukaingia pale sokoni kama upepo. Ukapita kwa wauza dagaa, ukapita kwa wenye matenga, jicho kwenye kamera, mdomo umefungwa. Mzee Hamisi wa kamba akasimama na kisu chake.

"Huyu mtoto wa nani?"

"Wa Mama Eli, wa kuku."

"Wa Mama Eli hana mdomo? Anatupita kama anatuhesabu tufe! Hata mwizi akiingia hapa anasema shikamoo."

Nilitamani ardhi inimeze. Nikakuvuta mkono, ukanong'ona, "Mama, nikisalimia wote wanageuka wanaangalia kamera. Mwalimu alisema niwe kama ukuta." Nikakuambia ukuta hauna mama, wewe unaye. Nikakushusha kamera, ukaanza mstari wa kwanza mpaka wa mwisho, shikamoo, shikamoo, shikamoo, na machozi yako. Mzee Hamisi akakuitikia marahaba ndefu kama ya harusi.

Siku iliyofuata ulikwenda mapema bila kamera. Ukasalimia wote, ukawasaidia wengine kutandika, ukakaa. Kamera ukaitoa jua likiwa limepanda, na hakuna aliyegeuka. Hilo sikukufundisha mimi, ulilipata mwenyewe. Nakuandikia kwa sababu huko uendako watakuambia kwao hakuna kusalimiana. Sijui kama ni kweli. Ila mtu yeyote anajua kama uliyekuja kumwangalia umemwona kwanza, au umemwangalia tu.

Mimi nilikosea kwa namna yangu. Nilipoona kazi imenoga, nikapita kwa akina mama wote usiku wa Jumapili: kesho mtoto wangu anarekodi, jamani, tusimwaibishe. Kulipokucha soko lilikuwa kama kanisa. Mama Joyce wa nyanya amevaa wigi la binti yake, linamshukia kwenye macho. Matenga nimeyaosha yananuka sabuni. Kuku mwenye makamasi nimemficha nyuma. Watu wanaotukanana kila siku kwa bei, siku hiyo wanaambiana "karibu sana mteja wetu mpendwa" kama redioni. Mzee Hamisi alikaa na koti, amenyooka, hakuuza hata kamba moja kwa sababu mikono ameiweka magotini anasubiri apigwe picha.

Wewe uliweka kamera chini ukainama. Nikadhani unaumwa.

"Mama, umeniharibia."

"Nimekuharibia nini? Nimekupambia!"

Ulininyamazia mpaka jioni na mimi nilikasirika. Sikujua hata ninakasirikia nini. Nilikuja kujua nikiwa peke yangu, nafungua matenga, na nadhani ndiyo mara ya kwanza nakueleza.

Nilipokuwa na mimba yako nilikuwa mdogo kuliko ulivyo wewe sasa. Nilikuwa nimetoka shule kidato cha pili. Babu yako hakunifukuza, mtu asije akakudanganya, alikuwa baba mwema. Ila wageni wakija, hasa wazee wa usharika, alikuwa anakohoa kidogo na mimi najua maana yake: nenda jikoni. Nakaa na tumbo langu kwenye moshi, nasikia wanacheka sebuleni, napakua chakula anakipeleka mdogo wangu. Wakiondoka, baba mwenyewe anakuja ananiletea nyama aliyoniwekea. Nyama nzuri, ya mfupa. Sasa utamchukia vipi mtu kama huyo? Sikumchukia. Nilijifunza tu kwamba kilichochoka kinawekwa nyuma, na mbele kinakaa kilichofagiliwa.

Nikaishi hivyo. Ulipokuwa darasa la nne niliitwa shuleni kwenu. Nikaazima gauni na viatu, nikaoga mara mbili harufu ya kuku itoke. Nikakaa kwenye kikao nimebana magoti, nawaza kiatu kinachonibana na kama jirani ananusa. Mwalimu akasema wewe huoni ubaoni, unahitaji macho yapimwe. Nilimsikia, lakini kuuliza wapi, kwa nani, nianzie wapi, niliogopa, maana nikifungua mdomo watajua mimi ni wa namna gani. Ukamaliza mwaka mzima unanakili kwa mwenzako. Leo unavaa miwani, na jicho hilo hilo ndilo unalofanyia kazi. Kila ukiifuta miwani kwa kitenge changu nakumbuka kile kiatu.

Nimesimama kidogo nikawapa kuku maji. Nimerudi. Barabara bado tupu.

Sasa tufike kwenye hicho kipande.

Wewe unajua, tangu msimu wa kulima mimi na Mama Sauda, muuza kuku mwenzangu, hatukuwa tunaongea. Yeye ananizidi umri, ni wa kupewa shikamoo, na mimi nilikuwa nampita mbele ya meza yake asubuhi na jioni kama napita jiwe. Watu wote waliona. Kosa lake lilikuwa kumwambia mteja wangu kwamba kuku wangu wana ugonjwa wa kideri. Siku ile nilimtolea maneno ambayo sitayaandika. Na kweli, Elipendo, mmoja alikuwa anasinzia.

Siku ulipokuja kunionyesha ulichorekodi, ulikuwa na furaha, ulikaa pembeni yangu kitandani kama zamani. Nikajiona. Nimeegemea nguzo, mdomo wazi, khanga imeteremka begani, shingo imelala upande kama jogoo aliyechinjwa. Pale juu bati letu limetoboka, na jua linapitia hapo, liko miguuni kwangu. Halafu linapanda. Wewe umekaa kimya na kamera yako, na jua linapanda magotini. Linafika tumboni. Sikutaka kuona zaidi. Nilikushika mkono nikasema futa. Ukataka kusema kitu, nikakukatiza: "Nyamaza. Uliniona naungua na jua, mama yako, ukashika kamera? Hata mtu baki angenifunika!"

Ukasema, "Sawa, Mama." Ukatoka.

Ulidhani nimeona aibu ya mdomo wazi. Niliiona, ndiyo, nisikudanganye. Lakini mdomo wazi ningeumeza. Kilichonichoma ni kwamba nilikulea nikikubeba juani nimekufunika uso kwa khanga yangu, halafu siku moja mimi nimelala juani na wewe unaangalia tu. Wiki nzima nimetembea na hilo. Nakupakulia chakula nawaza, huyu mtoto wanamfundisha nini? Wanamfundisha kuona au wanamfundisha kuacha?

Leo ulipoondoka nikachukua simu ili nifute. Kufuta huwa sijui vizuri, nikabonyeza nisipopajua, kikaanza kucheza. Safari hii nimeangalia mpaka mwisho.

Jua likafika shingoni. Halafu Mama Sauda anatokea upande wa kushoto, na ndala yake moja iliyokatika anaikokota. Ananitazama. Anarudi kwake. Nikasema kimoyomoyo, ndivyo alivyo. Mara amerudi na kiroba kitupu, amepanda kwenye tenga langu, tenga linalia kama litavunjika, anakitundika kwenye msumari pale penye tundu. Kivuli kinanishukia usoni. Anawamwagia kuku wangu maji. Wapagazi wanapita wanapiga kelele, anawanyooshea kidole: "Shii! Mtu amelala hapa!" Mteja anakuja, anaangalia kuku. Mama Sauda, ambaye ana kuku wake hapo hapo hatua chache, anamwambia, "Subiri kidogo, mwenyewe ataamka. Hawa ni wazuri."

Hawa ni wazuri, kasema. Kuku wangu.

Niliweka simu chini nikaenda sokoni na kandambili za chooni. Hata mlango sikuufunga.

"Shikamoo, Mama Sauda."

Aliendelea kufunga miguu ya kuku. Akamaliza. "Marahaba. Kumbe mdomo bado unao."

"Ulinifunika."

"Nani? Mimi? Kuku zako wangekufa na jua, harufu ingekuja kwangu."

"Mama Sauda."

"Nini sasa? Na kiroba changu ulikipeleka wapi?"

Nikacheka huku nalia. Nilipoamka siku ile nilikikuta kimetundikwa, nikadhani cha wapagazi, nikakikunja nikakifanya cha pumba. Alikiona kila siku mezani kwangu akanyamaza. Nilimwonyesha kwenye simu. Akajisogeza, akavaa miwani yake ya kusomea, akajitazama anavyopanda tenga akasema, "Ee Mungu, nimenenepa!" Majirani wakaja, tukarudia tena. Nikamuuliza kama anakubali kuonekana. Akasema akubali nini, kwani ameiba? Ila ile ndala, umtafutie namna. Nikamwambia ndala inabaki, filamu haina kuvaa wigi. Akanisonya, akakubali.

Tulipokuwa tunarudia mara ya tatu ndipo alipogusa kioo na kidole.

"Hapa ndipo alipotaka kukujia."

"Nani?"

"Mwanao, nani mwingine? Angalia."

Nikaangalia. Jua liko shingoni kwangu, Mama Sauda bado hajaonekana, na picha inatikisika. Inainama, inaonyesha ardhi, maganda, mguu wako na raba yako nyeupe umeshapiga hatua. Halafu inasimama. Halafu taratibu inarudi kwangu.

"Alikuwa ameshanyanyuka," Mama Sauda akasema. "Mimi ndiye niliyempungia mkono, kaa hapo mwanangu, mimi niko karibu. Hakukuambia?"

Hukuniambia. Ulitaka, nikakuambia nyamaza.

Mwanangu, sijui kuomba msamaha kwa maneno mazuri. Wiki nzima nilikupakulia chakula na uso wa mawe, na wewe ulikula ukasema asante Mama. Ningekuuliza swali moja tu. Nilifanya kama nilivyofanya kwenye kile kikao cha shule, nilijitazama mimi mpaka nikaacha kukusikiliza.

Sasa nikuambie ninachokijua, ni kidogo. Huko mjini utarekodi watu wasiokujua. Kuna siku mtu ataanguka mbele ya kamera yako, au atapigwa, au jua litamfika usoni, na hatakuwepo Mama Sauda wa kukupungia mkono. Siku hiyo weka kamera chini. Hilo sikuombi, nakuagiza. Wakikuambia umeharibu kazi, waambie mama yako ndiye aliyesema. Lakini kama yupo mwingine anayekuja, mwache aje, na wewe tulia umwone. Mimi nisingejua mpaka kufa kwamba yule mama alinifunika. Nimeishi na watu wale miaka yote hii nikiwaogopa macho yao, kumbe nikifumba yangu wananilinda. Umenionyesha wewe. Hivyo ulivyosema hatujioni, sikucheki tena.

Gari limesimama kule barabarani. Naona watu wanashuka. Wewe ni yule wa mwisho, na mfuko wa karanga za bibi yako. Niandike haraka.

Ridhaa yangu hii hapa, kwa mwandiko wangu na akili zangu: mimi mama yako nimekubali nionyeshwe, popote, nikiwa nimelala, mdomo wazi. Wasinipambe. Kuku mwenye makamasi naye abaki.

Nina sharti moja. Nilikusikia unamwambia mwalimu wako kwenye simu kwamba pale picha inapotikisika utakata, kwamba ni aibu kwa mtu wa kamera. Usikate hapo, Elipendo. Mimi nimekubali watu waone nilivyochoka. Na wewe kubali waone kwamba ulikuwa unakuja.

Mama yako